Mawaidha Haya Si ya Jirani

Wanangu, anayetaka kujua kwa nini mawaidha hayatufai na asimame mlangoni mwa msikiti siku ya Ijumaa, sala ikisha na watu wakitafuta viatu vyao. Atawasikia. "Leo khatibu kamlenga fulani." "Laiti mkwe wangu angekuwepo." Kanisani Jumapili ni vivyo hivyo, ila viatu havivuliwi. Kila mmoja amelisikia neno, amelielewa, amelikubali na kulitafutia mwenyewe, na mwenyewe huyo kamwe si yeye. Msikiti mzima umehutubiwa juu ya kasoro ambayo hakuna aliyekuja nayo.

Mimi nimesikiliza hotuba nyingi na kutoa chache, na jambo hili limenichosha kuliko maovu yenyewe. Mwovu anayejijua ni mwovu unaweza kukaa naye kitako mkaelewana. Lakini aliyeelemea upande na hajui, ukimwambia, anakuona wewe ndiye uliyeelemea. Mazungumzo yanaishia hapo, na chai inapoa.

Wahenga walimtaja nyani, na Wakristo wana habari yao ya kibanzi na boriti. Sote tumeyasikia tangu utotoni, na tumeyatumia kuwasema wenzetu. Nataka niongeze jambo moja tu, hasa kwenu mliosoma. Tumezoea kudhani kwamba kasoro yetu hatuioni kwa sababu hatujageuka kuitazama. Kwamba mtu akitulia, akajiuliza kwa moyo safi, ataiona. Mimi nasema unaweza kujitazama ndani usiku kucha usiione, kwa kuwa haikai mahali unapotazama.

Vijana wetu siku hizi wanarudi likizo kutoka chuo kikuu na majina ya maradhi ya fikra. Kuna la kuokota ushahidi unaokuunga mkono na kuuruka unaokupinga. Kuna la kung'ang'ania bei ya kwanza uliyotajiwa. Kuna la kudai, jambo likishatokea, kwamba ulilijua tangu mwanzo. Ni elimu nzuri, siipingi. Lakini tazameni inavyotumika. Kijana anabishana na baba yake juu ya siasa, anamwambia, "Mzee, hapo unaokota ushahidi." Na kweli baba anaokota. Ila kijana naye, dakika ile ile, ana simu mkononi anatafuta habari ya kumshinda baba. Akikuta inayompinga anaisukuma kwa kidole gumba, ipite. Ugonjwa anaujua kwa jina, mgonjwa amemwona, na kidole chake mwenyewe hakukiona.

Jambo hili limechunguzwa. Mwaka 2002 Emily Pronin, Daniel Lin na Lee Ross walichapisha utafiti uliofanywa Marekani, sehemu yake kwa wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Stanford. Waliwaeleza watu maradhi hayo ya fikra moja moja, kisha wakauliza: wewe unalo kwa kiasi gani, na Mmarekani wa kawaida analo kwa kiasi gani? Kwa jumla watu walijibu kwamba wao wanayo kwa uchache kuliko wenzao. Abiria waliosubiri ndege San Francisco walipoulizwa kuhusu abiria wenzao, jibu likawa lile lile. Watafiti wakasogea mbele zaidi. Waliwapa wanafunzi nafasi ya kujipima katika sifa mbalimbali, kisha wakawaeleza waziwazi kwamba watu wakijipima hujipa zaidi ya wanachostahili. Je, wewe umefanya hivyo? Walio wengi wakashikilia kwamba wamejipima sawasawa, na wapo waliosema wamejishusha! Wameelezwa ugonjwa, wameoneshwa dalili kwenye karatasi waliyoijaza kwa mkono wao, na bado.

Si kwamba watu hawa walikuwa waongo, na hapo ndipo penye fundisho. Ninapotaka kujua kama wewe umeelemea, ninatazama ulichofanya: nani umempa, nani umemnyima, hukumu yako imemwangukia nani. Ninapotaka kujua kama mimi nimeelemea, sitazami nilichofanya. Ninauliza nia yangu. Nia inajibu, "Mimi nilitaka haki tu." Jibu hilo ni la kweli. Nilitaka haki. Lakini kuelemea hakuhitaji nia. Kunafanya kazi chini ya nia, mahali ambapo mtu hana dirisha la kuchungulia. Kwa hiyo wewe nakuhukumu kwa mikono yako, mimi najihukumu kwa moyo wangu, halafu nashangaa kwa nini mimi kila mara natoka msafi.

Wazee tuliokaa katika mabaraza ya usuluhishi wa ndoa tumeliona hili likija mbele yetu limevaa kanzu na buibui. Kwa Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya mwaka 1971, shauri la talaka halifiki mahakamani kabla halijapita kwenye baraza la namna hiyo, ila kwa sababu maalumu. Basi wanakuja. Mume anaeleza alichokitoa: kodi ya nyumba, ada za watoto, mabati ya kwa wakwe. Mke anaeleza alichokifanya: kuamka kabla ya adhana, maji, kupika, mtoto aliyeugua wiki nzima, mama mkwe aliyeuguzwa hadi akazikwa. Ukiwa kijana katika baraza unadhani mmoja wao anadanganya, na kazi yako ni kumjua. Ukizeeka unajua kwamba aghalabu wote wawili wanasema kweli. Ila ukijumlisha alichofanya huyu na alichofanya yule unapata nyumba moja na nusu, na nyumba ni moja.

Michael Ross na Fiore Sicoly walilipima jambo hilo kwa wanandoa nchini Kanada, wakachapisha mwaka 1979. Kila mmoja, akiwa peke yake, aliulizwa sehemu yake katika kazi za nyumbani. Majibu ya mume na mke yakijumlishwa, kwa kawaida yalizidi kazi yenyewe. Sababu mojawapo haina uovu wowote ndani yake. Kila ndoo niliyoibeba mimi, naikumbuka mkono wangu ulivyouma. Ndoo uliyoibeba wewe niliikuta jikoni imejaa.

Mkiona hivi, mtaelewa kwa nini siku hizi sipendi kumwambia mtu "wewe una ubinafsi." Nikimwambia hivyo anaingia ndani ya moyo wake kuutafuta, haukuti, anarudi na hasira. Afadhali nimwombe ataje kazi tano ambazo mwenzake alizifanya wiki iliyopita. Wengi husita kwenye ya tatu.

Madaktari je, waliokula kiapo? Watengenezaji wa dawa huwapelekea kalamu, vitabu, chakula cha mchana. Mwaka 2001 Michael Steinman na wenzake walichapisha matokeo ya kuwauliza madaktari waliokuwa mafunzoni San Francisco kama zawadi hizo zinaathiri dawa wanazowaandikia wagonjwa. Asilimia 61 walisema kwao haziathiri. Walipoulizwa kuhusu madaktari wenzao, asilimia 16 tu waliamini kwamba wenzao nao wako salama. Hesabu hizo haziwezi kuwa kweli zote mbili, maana kila mmoja wao ni mwenzake wa mwingine.

Na mpira, ambao ndio chuo kikuu cha ubishi wetu. Novemba 1951 timu za vyuo vya Princeton na Dartmouth zilicheza mechi ya mpira wa Kimarekani iliyokuwa kali mno. Nyota wa Princeton akavunjika pua, mchezaji wa Dartmouth akavunjika mguu. Albert Hastorf na Hadley Cantril wakawaonesha wanafunzi wa vyuo vyote viwili filamu moja ya mechi hiyo, wakiwataka wahesabu rafu. Wa Princeton waliona rafu za Dartmouth mara mbili ya zile walizoziona wa Dartmouth wenyewe. Filamu ni ile ile. Sina haja ya kuwaeleza watu wa Simba na Yanga jambo hili, wanalo kila msimu, na kila msimu aliyeelemea ni yule mwenye jezi nyingine na refa aliyenunuliwa.

Sasa nisogee kwa wasomi, maana najua mnajitoa. Mnasema hayo ni ya wasiojua. Mwaka 2012 Richard West, Russell Meserve na Keith Stanovich walichapisha utafiti uliouliza hasa swali hilo: je, wenye akili kali zaidi wanaziona kasoro zao vizuri zaidi? Hawazioni. Kwa baadhi ya vipimo, mwenye akili zaidi alikuwa na upofu huo kwa wingi kidogo. Na Daniel Kahneman, aliyefariki mwaka 2024, aliyepewa Tuzo ya Nobel ya uchumi mwaka 2002 kwa kazi ya kuchunguza makosa ya namna hii, alikiri katika kitabu chake kwamba kuyasoma maisha yake yote hakukumponya. Fikra zake za haraka zilibaki na makosa yale yale. Alichokipata zaidi, kwa maneno yake, ni wepesi wa kuyaona kwa wengine. Mtu wa cheo kile anasema hivyo, na mjukuu wangu wa mwaka wa pili ananiambia yeye amepona.

Akili kali ni wakili mzuri. Mpe kesi yoyote ataitetea, na kesi anayopewa mara nyingi ni ya mwenye akili hiyo. Msiichukie, lakini msimkalishe wakili kwenye kiti cha hakimu.

Niwape kisa kimoja kwa kirefu, maana kina uzito. Tarehe 11 Machi 2004 treni zilipigwa mabomu mjini Madrid, Uhispania, wakafa watu zaidi ya 190. Polisi wa huko wakapata alama ya kidole kwenye mfuko wa plastiki uliokuwa na vilipuzi, wakaituma kwa wenzao wa nchi nyingine. Kompyuta ya FBI, polisi wa upelelezi wa Marekani, ikatoa orodha ya watu 20 wenye alama za kukaribiana. Mmojawapo alikuwa Brandon Mayfield, wakili wa jimbo la Oregon. Mtaalamu akalinganisha, akasema ni yake. Wa pili akathibitisha, na wa tatu. Baadaye hata mtaalamu wa nje, aliyeteuliwa na mahakama kwa ajili ya utetezi, akasema ni yake.

Polisi wa Uhispania waliandika mwezi Aprili kwamba wao hawaoni kufanana huko. Hawakusikilizwa. Mayfield alikuwa amesilimu, mkewe Mmisri, na aliwahi kumtetea katika kesi ya malezi ya mtoto mtu aliyehukumiwa kwa mambo yanayohusiana na ugaidi. Mwezi Mei akakamatwa, akawekwa ndani wiki mbili, hadi Wahispania walipotangaza kwamba wamempata mwenye kidole: Mualjeria. Mayfield akaachiwa, FBI wakaomba radhi, na mwaka 2006 serikali ikamlipa dola milioni 2.

Mkaguzi Mkuu wa wizara ya sheria ya Marekani alichunguza jambo hilo, na ripoti yake ina insafu. Ndiyo maana naipenda. Hakusema wataalamu wale walimchukia Mwislamu. Walipolinganisha mara ya kwanza hawakujua dini yake. Alichokiona ni kwamba, wakishaona vidole vinakaribiana, walianza kusoma kinyumenyume: walichukua mstari uliopo wazi kwenye kidole cha Mayfield, wakarudi kuutafuta kwenye alama hafifu ya mfukoni, wakauona. Kisha Uhispania ilipotia shaka na dini ya mtu ikajulikana, hiyo yaelekea ikachangia wao kutorudi nyuma kuangalia upya kama ilivyopasa. Hakuna aliyenuia dhuluma. Mtu akalala gerezani.

Miaka miwili baada ya tukio lile, Itiel Dror na wenzake walichapisha jaribio dogo. Waliwapa wataalamu 5 wa alama za vidole jozi za alama ambazo wao wenyewe, miaka kadhaa nyuma, walikuwa wamezithibitisha kuwa za mtu mmoja. Hawakuwaambia hivyo, waliwaambia hii ndiyo jozi ya Mayfield iliyokosewa. Wanne kati ya watano wakaigeuka hukumu yao wenyewe. Na mwaka 2017, katika uchunguzi wa wataalamu 403 wa ushahidi wa kimahakama kutoka nchi 21, asilimia 71 walikubali kwamba kuelemea kwa fikra ni tatizo katika fani hizo kwa jumla. Katika tawi lao wenyewe, asilimia 52. Katika kazi ya mikono yao wenyewe, asilimia 26. Ugonjwa unapungua kadiri unavyoukaribia mlango wako.

Najua atatokea mtu aseme: basi kila mmoja ameelemea, hakuna ukweli, kila mtu na wake. Huo ni uvivu. Kidole cha Madrid kilikuwa cha mtu mmoja, na hatimaye alijulikana. Ukweli upo, tunachokosa ni haki ya kudhani kwamba umepiga kambi upande wetu.

Tufanyeje? Kwanza, tuache kuiuliza nafsi swali isiloweza kulijibu. Mwenye duka anaweza kuwa mcha Mungu wa kupigiwa mfano na mizani yake ikaingia kutu, ikaelemea. Wakala wa Vipimo wanapofika kuihakiki hawamuulizi nia. Wanatoa mawe yao, yaliyopimwa kwingine, wanayaweka kwenye sahani, wanatazama. Mwenye duka mwenye busara hakasiriki kwamba ameitwa mwizi. Hakuna aliyemwita hivyo. Hakimu naye anapojitoa katika kesi ya shemeji yake hakiri kwamba ni mla rushwa, na anayesahihisha mitihani ya taifa hupewa namba ya mtahiniwa badala ya jina bila kutukanwa na yeyote. Hao wamekubali tu kwamba moyo mweupe haunyooshi mizani.

Basi jiwekeeni mawe ya nje. Hesabuni hukumu zenu: katika magomvi ya ukoo mliyoyaamua, mara ngapi mliona kosa liko kwa watu wa upande wenu? Katika kazi mlizotoa, ndugu wangapi na wageni wangapi? Ikiwa haki kila mara inaangukia kwenu, msiulize mioyo, itawaunga mkono. Na kabla ya kuchunguza jambo, andikeni mahali ni kitu gani mkikiona mtabadili mawazo. Baada ya kukiona, ni rahisi mno kusema kwamba si hicho.

Pili, watu. Imamu Ghazali, aliyefariki mwaka 1111, katika kitabu chake Ihyaa alitaja njia nne za mtu kuzijua aibu zake. Kukaa mbele ya shehe anayeyaona maradhi ya nafsi. Kuwa na rafiki mkweli anayekutazama na kukuambia. Kusikiliza ndimi za maadui, kwa kuwa jicho la chuki halifichi, na huenda adui akakufaa kuliko rafiki anayekusifu. Na kuchanganyika na watu, kila unaloliona baya kwao ulitafute kwako. Hii ya nne ndiyo iliyopinduliwa leo: tunaona baya kwa mtu na tunaishia hapo, tumefurahi.

Ghazali huyo huyo anasimulia kwamba Umar, akiwa khalifa, alimuuliza Salman Mfarsi ni lipi alilolisikia juu yake asilolipenda. Salman akaomba asamehewe. Umar akamshikilia. Ndipo akasema: nimesikia unakusanya vitoweo viwili katika chakula kimoja, na una mavazi mawili, la mchana na la usiku. Ni mambo madogo. Leo waziri angeyacheka. Umar hakueleza nia yake wala hakuuliza nani kasema. Aliuliza kama lipo jingine. Alipoambiwa hapana, akasema hayo mawili ameshayamaliza.

Wanangu, sisi wazee tukiambiwa kitu na vijana huwa tunauliza kwanza, "Wewe nani?" Nanyi mkiambiwa na wazee mnasema wamepitwa na wakati. Wote tunamchunguza msemaji ili tusilichunguze neno. Adui yako anaweza kuwa mwongo katika tisa na mkweli katika moja, na moja hiyo hakuna mwingine atakayekuambia, kwa kuwa wanaokupenda wameizoea.

Basi wiki hii mchague mtu mmoja ambaye hamjaelewana naye: shemeji, mkuu wa kazi wa zamani, mtoto aliyehama nyumba. Mwendee bila hoja. Mwombe akutajie jambo moja aliloliona kwako asilolipenda, ulilolitenda, si ulilolinuia. Usimkatize na usimweleze ulikuwa na maana gani. Akimaliza, muulize kama lipo jingine.